Kidole cha Shahada

Weka kidole, mzee.
Baba akaweka.
Mashine ikawaka nyekundu.
Weka kingine. Akaweka. Nyekundu.
Miaka thelathini ya kufungua viyoyozi vya Ajman,
gesi, grisi, mabati yanayokata kama wembe,
imempangusa alama zote mikononi,
hata vidole vyake vimekuwa laini
kama kipande cha sabuni ya mwisho wa mwezi.

Mashine haikumjua.
Faili lilimjua.

Faili lilisema: mwaka wa tisini na moja,
Mundhiri bin Rubea, umri miaka ishirini,
aliandika hundi isiyo na pesa nyuma yake,
dirhamu elfu nne na mia mbili,
bei ya pikapu yenye mlango mmoja usiofunga.
Akala miezi saba.
Alipotoka alilipa, mpaka thumni ya mwisho,
na mwenye pikapu akaja kumzika babu,
akakaa matangani siku tatu, akala wali wetu.
Hilo halimo.

Kijana wa dirishani alikuwa na adabu.
Nilimkadiria umri: amezaliwa
pikapu ile imeshakuwa chuma chakavu.
Samahani, ami, akasema, ni kanuni mpya,
mwenye kosa hahuishiwi kibali.
Siku kumi na nne.
Wewe na wako, mrudi kwenu.

Kwenu.
Bibi Shinuna alishuka pwani hii na mimba,
na birika, na ufunguo wa nyumba ya Unguja
ambayo mlango wake ulivunjwa yeye yuko njiani.
Baba kazaliwa hapa, nyuma ya soko la samaki,
mkunga Mbalushi, na hakuna aliyeandika.
Pasipoti tulizonazo ni za Ngazija.
Tulipewa tuzishike tu,
kama mtu anavyoazimwa kanzu ya kuendea harusini.
Hatujui huko mkate unauzwaje.
Hatujui tukifika tutamwamkia nani.

Mimi kazi yangu kuchapa maombi ya watu,
dirhamu kumi na tano ukurasa, muhuri mbali.
Nayajua maneno yote ya kupigia magoti:
Mtukufu, baada ya salamu, mja wako mnyonge…
Nimewachapia Wapathani, nimewachapia Wasudani,
na mama mmoja wa Kimalabari
aliyeinusa kalamu kabla ya kutia sahihi.
La baba limenishinda kulianza.
Niliandika jina, nikalifuta.
Niliandika tarehe. Tarehe nimeiacha.

Lakini pale dirishani kazi ilikuwa haijaisha.
Bila alama ya kidole, hata amri ya kukufukuza haitoki.
Kijana akainama karibu na kioo, akanong'ona
kama anayekufundisha njia ya mkato:
Sugua kwenye paji la uso, ami. Mafuta ya ngozi husaidia.

Baba akainua kidole cha shahada,
kile anachokinyoosha kwenye tahiyatu,
akakisugua pale penye weusi wa sijda,
taratibu, mara mbili,
akakirudisha kwenye kioo.

Kijani.

Nyumbani mama hakulia.
Alishusha mapazia, akayafua yote.
Nani anafua mapazia ya nyumba anayofukuzwa?
Sikumwuliza. Nilimsaidia kuyakamua.

Baada ya alasiri akabisha Kuttan wa chini,
kiyoyozi chake kinavuja juu ya kitanda cha mtoto.
Baba akachukua kisanduku chake, akashuka,
akarudi magharibi, shati limelowa,
akaketi kuandika risiti kama siku zote,
kwa mwandiko wake wa kulala upande:
Kusafisha. Gesi. Dirhamu themanini.
Dhamana: mwaka mmoja.

Mwaka, baba?

Akanitazama kama aliyeulizwa
jambo linalojulikana na watoto.
Ndiyo dhamana yangu, akasema.
Sijapata kutoa pungufu.
Akapuliza wino ukauke,
akanipa nimpelekee Kuttan.